Mbwa tayari, mwenyewe anatetemeka: maswali yenu kuhusu siku ya mtihani wa utii wa mbwa

Nyumbani mbwa wangu ananisikiliza vizuri. Tulipofanya mtihani wa majaribio, kama vile hanijui. Tatizo nini?

Huenda tatizo ni wewe, usikasirike. Mtu mwenye wahka husema "kaa" mara tatu kwa sauti iliyopanda, huku kamba kaikaza hadi mbwa anakabwa shingo. Mbwa hajawahi kukuona hivyo. Na usidhani tabasamu litamdanganya: mwaka 2022 watafiti wa Chuo Kikuu cha Queen's, Belfast, walionyesha kwamba mbwa waliofunzwa waliweza kutofautisha harufu ya jasho na pumzi ya mtu kabla na baada ya kupigishwa hesabu za kichwa zilizomtia presha. Harufu huwezi kuizuia, ila mikono unaiweza. Kabla hamjaitwa, toa pumzi taratibu, kisha tazama kamba: ilegee kidogo kati yenu. Halafu zoeeni kutazamwa. Mwombe mtu asiye wa nyumbani asimame na karatasi, asiseme neno, awe anaandika tu. Utashangaa kalamu inavyotisha.

Tukisubiri zamu anapiga miayo na kujilamba midomo. Usingizi?

Mara nyingi ni wasiwasi. Ongeza hapo kujikung'uta kama aliyetoka majini ilhali mkavu, au kugeuza macho mpaka weupe uonekane. Akikataa hata kipande cha nyama, hofu imempanda kweli. Msogeze mbali na wenzake, mwache anuse majani. Kumkemea kutaongeza hofu.

Naruhusiwa kuingia na vitafunwa mfukoni?

Soma kanuni za mtihani wako. Ule wa tabia njema uitwao Canine Good Citizen, ulioanzishwa mwaka 1989 na American Kennel Club, shirika la mbwa la Marekani, hauruhusu chakula wakati wa kupimwa. Kumsifu kwa mdomo ruksa. Kwa hiyo anza mapema kupunguza vitafunwa mazoezini, sifa zibaki.

Kuna kipengele cha kumwachia mtu mwingine kamba, nami nitoweke dakika 3. Wangu analia.

Katika mtihani huohuo halazimiki kukaa kama sanamu, lakini kulia au kubweka mfululizo kutamwangusha. Anza na sekunde chache, urudi kabla hajalia, ndipo uongeze. Na acheni kuaga kwa mahaba! Kumkumbatia na "narudi sasa hivi, mwanangu" kunamwambia kuna jambo. Kabidhi kamba, ondoka.

Nimpe dawa ya kumtuliza?

Ya binadamu, hapana kabisa. Nyingine ni kazi ya daktari wa mifugo, naye umwambie kuna mtihani. Kisha uwaulize wasimamizi kama wanaikubali.

Nikiona siku yenyewe hayuko sawa?

Jitoeni. Mbwa anayeburuzwa ulingoni mkia ukiwa katikati ya miguu anaweza kunguruma, na kwa watahini wengi hapo safari imekwisha. Ada inauma, najua. Ombeni tarehe nyingine, na hiyo ya leo mkae pembeni mtazame wengine wakipimwa, mradi mbwa awe mbali nao kiasi cha kutulia na kukubali chakula.