Kabla hujasaini mkopo wa nyumba, omba karatasi ya marejesho uisome mpaka mstari wa mwisho

Watu wakisikia unakaa kwenye nyumba ya mkopo wa benki swali huwa moja tu, "unakatwa shingapi kwa mwezi?" Ukitaja wanapiga hesabu na mshahara wao, wakiona inaingia wanakwambia basi na mi naenda kuomba. Sasa hilo ndo swali ambalo benki inalipenda kuliko yote, maana rejesho la mwezi linaweza kushushwa likawa dogo la kupendeza kabisa, unaongezewa tu miaka. Maswali yenye hela ndani yake ni mengine: mpaka namaliza ntakuwa nimetoa jumla shingapi, na nikitaka kutoka katikati ntakuwa bado nadaiwa shingapi.

Twende na namba, bila namba hii mada inakuwa porojo. Chukua nyumba ya milioni 100, Madale au Kigamboni huko, una milioni 20 zako mkononi, benki inakupa 80. Riba asilimia 15 kwa mwaka, miaka 20. Hiyo 15 sijaitoa hewani, mikopo mingi ya nyumba hapa Tanzania inaangukia kati ya 15 na 19, na hapo tunaambiwa ni nafuu, maana mwaka 2010 ilipoanzishwa TMRC (ile kampuni inayozipa benki hela za muda mrefu ili zikopeshe watu nyumba) riba ilikuwa inacheza kwenye 22.

Rejesho linatoka 1,053,432 kwa mwezi. Zidisha kwa miezi 240 unapata milioni 252.8. Ongeza ile 20 yako ya mwanzo, nyumba ya milioni 100 imekutoka milioni 272 na ushee, ada na bima hatujazigusa. Wengi wakifika hapa wanasema benki wezi, mjadala umefungwa. Mi nadhani jumla hiyo wala si ndo ya kutisha zaidi. Kinachotisha ni jinsi hela inavyogawanywa huko ndani, na hiyo utaiona kwenye ile karatasi ya marejesho tu, yenye safu ya riba, safu ya deni la msingi (ile hela yenyewe uliyokopa) na safu ya salio, mwezi kwa mwezi.

Angalia mwezi wa kwanza. Unadaiwa milioni 80, riba ya mwezi ni asilimia 1.25, kwa hiyo riba peke yake ni milioni moja kamili. Umelipa 1,053,432, riba imebeba milioni, deni limepungua 53,432. Elfu hamsini na tatu! Mwezi wa pili riba inapigwa kwenye salio lililobaki, imeshuka kidogo mno, ukurasa wa kwanza mzima unasoma hivyo hivyo, safu ya salio kama imegoma. Ukifika mwisho wa mwaka wa tano umeshaipa benki milioni 63.2 na bado unadaiwa milioni 75.3. Mwaka wa kumi umetoa milioni 126, unadaiwa 65.3. Nusu ya deni, yaani kufika milioni 40, unaifikia ndani ya mwaka wa 16.

Hapa ndo watu wanaumia, na wala si wale walioshindwa kulipa. Ni mtu amelipa vizuri tu miaka mitano, kazini wanamhamishia Dodoma, anasema niuze nyumba nilipe benki chenji ianzie maisha, anaenda kuomba salio anakuta deni limepungua milioni 4.7. Anabishana na afisa mikopo kwamba mmeniibia wakati hesabu iko sawa kabisa na karatasi aliisaini mwenyewe. Kama unajua hutakaa kwenye hiyo nyumba zaidi ya miaka mitano sita, mkopo wa miaka 20 kwa riba hizi ni kama unapanga tu, halafu matengenezo ni juu yako.

Sasa upande wa pili wa hesabu hiyo hiyo, ambao ndo unaokusaidia. Mi wakati naomba nilimwambia afisa mikopo aniprintie ratiba tatu, ya miaka 20, 15 na 10, hakufurahia sana ila alifanya. Kwa mfano wetu wa milioni 80, miaka 15 rejesho linakuwa 1,119,670. Tofauti na la miaka 20 ni shilingi 66,238 kwa mwezi. Na jumla inashuka kutoka milioni 252.8 hadi 201.5. Soma tena hapo, elfu sitini na sita kwa mwezi inakuokolea milioni 51 na miaka mitano ya kukatwa. Miaka 10 ni 1,290,680, jumla milioni 154.9, hii inabana kweli na sheria ya kubaki na theluthi moja ya mshahara inawakatalia wengi, lakini 15 dhidi ya 20 mi sioni mtu anachagua 20 kwa sababu gani kama hiyo elfu sitini na sita anayo. Na usisubiri wakuprintie, Excel kwenye simu yako inafanya, andika =PMT(15%/12,240,-80000000) inakutolea rejesho, badilisha riba na miezi uone.

Kingine ni hela ya ziada mapema. Tuseme mwaka wa kwanza umeisha, umepata bonasi au umepokea mchezo, ukaiweka milioni 5 kwenye deni. Rejesho lako linabaki lile lile la 1,053,432. Mkopo unaisha miezi 56 kabla ya wakati, karibu miaka minne na miezi minane! Yaani milioni 5 imekuepushia marejesho ya milioni 59. Sababu ni ile ile, mwanzoni deni la msingi linapungua kwa vielfu hamsini hamsini, kwa hiyo milioni tano inaruka kurasa kibao za ratiba. Milioni 5 hiyo hiyo ukiileta mwisho wa mwaka wa 18 inakuepushia miezi sita hivi basi, kwa hiyo ukisema ntalipa ziada nikishajipanga elewa kwamba kila mwaka unaosubiri nguvu ya hiyo hela inaisha.

Ila hapa kuna ujanja wa kuangalia kwa karibu. Ukipeleka hela ya ziada benki ina njia mbili, kupunguza muda ukaendelea kulipa rejesho lile lile, au kupunguza rejesho muda ukabaki ule ule. Mi nilipopeleka ya kwangu niliambiwa "tumekupunguzia rejesho", kwa sauti ya mtu anayekupa zawadi. Nikasema sitaki, nataka muda. Ikabidi niandike barua, niisaini, igongwe muhuri wa kupokelewa, na ratiba mpya nikaisubiri mpaka nikaipata mkononi ndo nikaondoka. Kwa hiyo barua yako iseme wazi: hela hii ipunguze deni la msingi na muda wa mkopo. Na kabla hujasaini mkataba wenyewe tafuta kifungu cha kulipa kabla ya wakati, benki nyingine zinatoza asilimia fulani, na nyingine zina kiwango cha chini cha hela ya ziada wanayopokea.

Kuhusu riba yenyewe, usilinganishe asilimia kwa asilimia bila kuuliza ni ya aina gani. Kuna riba ya salio linalopungua, ndo hii tunayoisema, na kuna riba flati inayopigwa kwenye deni lote la mwanzo hata kama umeshalipa nusu. Mtu anakuja anakwambia mi nina sehemu wanakopesha kwa asilimia 10 tu, flati, miaka 10. Milioni 80 mara asilimia 10 mara miaka 10 ni riba ya milioni 80, jumla 160. Ile 15 ya salio linalopungua kwa miaka 10 ilikuwa jumla 154.9. Kumi ghali kuliko kumi na tano, na mtu anaondoka anachekelea.

Halafu kuna neno dogo kwenye mkataba linasema benki inaweza kubadilisha riba kulingana na hali ya soko. Ikitoka 15 ikaenda 17, rejesho la miaka 20 linakuwa 1,173,440, yaani laki na elfu ishirini juu kila mwezi. Kama bajeti yako imekaa pale pale kwenye ukingo wa theluthi, hiyo laki inatoka kwenye ada za watoto.

Ada za mwanzo sitazimaliza zote. Ada ya kuandaa mkopo, asilimia moja tu ya milioni 80 ni laki nane. Mthamini unamlipa wewe, ingawa ripoti yake ni ya benki. Mwanasheria, kusajili rehani, bima ya maisha na bima ya moto. Ya bima ulizia kama inalipwa mara moja au kila mwaka, na kama wanaiingiza ndani ya mkopo elewa kwamba unailipia riba kwa miaka yote. Ukishahamia kuna kodi ya ardhi kila mwaka, kodi ya jengo hiyo inakatwa kwenye LUKU, nyumba ya kawaida elfu 18 kwa mwaka, hii haiumizi mtu. Inayouma ni saviss chaji kama umenunua apatimenti, lifti, jenereta, walinzi, inaenda milele hata mkopo ukiisha, na inapanda.

Sasa kuna wataosema yote haya ya nini, si ujenge kidogo kidogo kama wazee. Sawa, mi pia nina kiwanja nje ya mji na sijadharau njia hiyo, wengi wetu hapa nchini ndivyo tunavyopata nyumba na hakuna anayekuuzia kwa mnada ukikosa hela mwezi mmoja. Lakini ipigie hesabu nayo kwa ukali ule ule. Unanunua kiwanja, unapandisha boma, hela inakata, boma linapigwa mvua misimu minne nyasi zinaota sebuleni, nondo zinashika kutu, mlinzi unamlipa au tofali zinahama usiku, na muda wote huo bado unampa mwenye nyumba kodi ya miezi sita sita. Ujenzi wa miaka kumi na mbili una riba yake, sema tu hakuna anayekuletea ratiba.

Na kwa upande wa kutetea mkopo, shilingi inapungua thamani wakati rejesho limeganda, kama benki haijabadilisha riba. Mfumuko wa bei ukikaa kwenye asilimia 3 tu, lile rejesho la mwisho la 1,053,432 litakuwa na uzito wa kama laki tano na themanini za leo, na mshahara wako kwa kawaida utakuwa umepanda. Kwa hiyo ile milioni 252 si yote ni hela ya leo. Inapunguza maumivu, ila kwa riba ya 15 haiyafuti, maana unalipa 15 wakati hela inashuka kwa 3.

Mbona riba iko juu hivyo? Serikali yenyewe iliwahi kulipa asilimia 15.95 kwa mwaka kwenye hati fungani (karatasi inazouza ikitaka kukopa) za miaka 25, mpaka ilipozishusha mwaka 2022. Benki ikiweza kumkopesha asiyefilisika kwa bei hiyo, wewe na mimi wenye barua ya mwajiri itatupa 9 ya wapi? Wenzetu Kenya wamejaribu kuvunja hilo kupitia KMRC, kampuni yao iliyo kama TMRC yetu, inazipa benki hela kwa asilimia 5 ili mwananchi apate chini ya 10. Milioni 80 zetu kwa asilimia 9, miaka 20, rejesho lingekuwa 719,781 na jumla milioni 172.7. Milioni 80 za tofauti, na nyumba ni ile ile.

Mengine ya kuangalia. Kama ni nyumba ya familia mwenza wako lazima aridhie kwa maandishi, mkae wote na ile ratiba, maana siku mambo yakienda kombo sheria ya ardhi inaitaka benki itoe notisi ya siku 60 kabla ya kuuza, na siku 60 ni chache kama mmoja ndo kwanza anasikia. Hati nayo isome imebaki na miaka mingapi, ziko za 33, 66 na 99, mkopo wa miaka 20 kwenye hati ya 33 iliyokwishatumika miaka 10 ufikirie mara mbili. Topapu, yaani kuongezewa mkopo juu ya ule unaoulipa, ukipigiwa simu kwamba "umekidhi vigezo" ujue wanakurudisha ukurasa wa kwanza wa ratiba, ule wa elfu hamsini na tatu.

Na siku ukimaliza usiishie kushangilia meseji ya salio sifuri. Dai barua ya kumaliza mkopo, dai hati yako, halafu hakikisha rehani imefutwa kwa Msajili wa Hati, kwa sababu benki kukuachia na daftari la msajili kuonyesha umeachiwa ni vitu viwili, na ukienda kuuza au kukopea tena hati hiyo ndo utaambiwa bado iko kwenye dhamana.