Yule mtoto aliyekanyaga mpira wa maji

SWALI: Habari za kazi mhariri. Juzi nimeangalia na wanangu kafilamu kafupi kasiko na sauti, baba mmoja anamwagilia bustani, kuna mtoto ananyata nyuma yake anakanyaga mpira, maji yanakata, baba anachungulia mdomo wa mpira, mtoto anaachia mguu, maji yote usoni! Wanangu walicheka mpaka machozi. Sasa mkubwa anabisha kwamba lilikuwa tukio la kweli, lilitokea tu watu wakarekodi. Ni kweli? Na mbona wanatembea mbiombio vile? Mama Wawili

JIBU: Mama Wawili, hiyo ni L'Arroseur arrosé (yaani mwagiliaji aliyemwagiwa), Louis Lumière, mmoja wa waanzilishi wa sinema, aliipiga Ufaransa mwaka 1895, haifiki hata dakika moja, na wengi wanaihesabu kuwa ndio sinema ya kwanza ya kuchekesha. Ilikuwemo kwenye zile filamu 10 za onyesho la kwanza la kulipia la Lumière na kaka yake, Paris tarehe 28 Desemba mwaka huohuo, kiingilio faranga 1.

Ila tukio la kweli hapana, wameigiza. Mwambie mwanao airudie pale mtoto anapokimbia, yuko karibu kabisa kutoka kwenye picha, yule baba anamdaka, sasa badala ya kumchapa palepale anamburuta kwanza mpaka mbele huku tunakoona sisi, ndio anamtandika makofi ya matakoni. Mtu mwenye hasira kweli anakumbuka kufanya hivyo? Kamera yenyewe ilisimamishwa sehemu moja, haimfuati mtu, kwa hiyo mtoto angechapwa kule pembeni tusingeona kitu. Mimi hapo ndio napapenda kuliko hata maji yenyewe, maana unaona kabisa wanatufikiria sisi tunaotazama, na sinema ndio kwanza inaanza! Mwanao hajakosea sana lakini, yule baba, François Clerc, alikuwa kweli mtunza bustani wa kina Lumière, ndio maana anashika mpira kama mtu aliyezoea.

Mbiombio ni hivi, mashine ile ilizungushwa kwa mkono, kama picha 16 kwa sekunde, ukiichezesha kwa 24 za sinema za kawaida lazima watu waonekane wanakimbia. Tafuta kopi iliyorekebishwa spidi, mtaona mtoto ananyata taratibu na utundu wenyewe unanoga zaidi.

Halafu waliirudia zaidi ya mara moja, kwa hiyo wanao wakikuta nyingine ina mtoto tofauti, nayo ni ya Lumière vilevile.