Vipimo vya uhuishaji haviharakishi gemu

Wapo wanaouliza kama kushusha vipimo vya uhuishaji (namba za kasi ya mijongeo kwenye kioo, "animation scale") hadi 0.5x kwenye mipangilio ya wasanidi ("Developer options") ya simu ya Android kunaongeza kasi ya gemu. Hapana. Vinagusa madirisha na menyu za Android tu. Gemu nyingi huchora picha zake zenyewe na kufuata saa yake ya ndani.

Kama ni gemu ya PSP (mashine ya gemu ya mkononi ya Sony) unayocheza ndani ya PPSSPP, programu inayoiga PSP kwenye simu, njia ya kubadili kasi iko humo humo: Settings, Graphics, kisha "Alternative speed". 200 ni mwendo mara mbili, 50 ni nusu (inafaa kweli kwa bosi, yaani adui mkuu, aliye msumbufu), na 0 maana yake bila kikomo, si kusimama. Hapo ndipo watu hujichanganya. Halafu ingia Controls uwashe kitufe chake kionekane kwenye kioo, la sivyo umeandika namba tu na hakuna kitakachobadilika. Gemu ya fremu (picha) 60 kwa sekunde ikienda 200 inaidai simu kazi ya fremu 120 kwa sekunde, kwa hiyo simu ya bei ndogo itachemka na sauti itakatika-katika. Shusha hadi 130 au 150, au ruhusu iruke fremu 1.

Za mtandaoni achana nazo. Mambo ya muda kwa kawaida huhesabiwa kwenye seva (kompyuta za wenye gemu), ukichezea saa upande wako utatupwa nje ya mechi au akaunti ifungiwe.