Karura na kandokando ya barabara si sawa

Dada, umeuliza kama kutembea msitu wa Karura, ulio jijini Nairobi, kunazidi nini kutembea kandokando ya barabara, maana miguu ni ileile. Kwa moyo, sukari na presha, kote utafaidi, mradi utembee kwa kasi ya kukufanya uhemeheme kidogo. Tofauti kubwa iko kichwani. Mwaka 2015 watafiti wa Chuo Kikuu cha Stanford waliwatembeza watu dakika 90, wengine kwenye nyasi na miti, wengine kando ya barabara yenye magari mengi. Waliopita kwenye miti walipunguza kuwazawaza mabaya yao, na sehemu ya ubongo inayohusika na huzuni ikatulia. Wa barabarani hawakupata hilo.

Halafu kule msituni, chini kuna mizizi na vijiwe, kwa hiyo vifundo vya miguu na mizani ya mwili vinafanya kazi ambayo lami haivipi. Vaa viatu vyenye meno, hasa baada ya mvua, udongo ule mwekundu unateleza sana. Shuka hadi kwenye maporomoko ya maji, simu iache mfukoni, inua macho uwatafute mbega juu ya miti. Magoti yakisumbua, anza na njia pana zilizo tambarare.