Sherlock Holmes ni wa nani sasa?

Ndugu, umeuliza kama shabiki anaweza kumwandika upya Sherlock Holmes, yule mpelelezi wa hadithini, na kuuza hadithi yake. Kwa Holmes wa Arthur Conan Doyle, mwandishi aliyembuni, unaweza. Doyle alifariki 1930, na hata Marekani, walikochelewa zaidi, hakimiliki ya hadithi zake za mwisho iliisha tarehe 1 Januari 2023. Kabla ya hapo, mwaka 2020, wasimamizi wa urithi wake walifungua kesi wakidai kuwa Holmes mwenye huruma ni wa hadithi hizo za mwisho tu, kwa hiyo bado ni mali yao. Huruma nayo imilikiwe? Kwangu hiyo ilikuwa kupita kiasi kabisa. Ila chunga: yaliyobuniwa na filamu na tamthilia za karibuni yana wenyewe. Chota kwenye vitabu vya Doyle.