Ruta nne tu za GNS3 na feni ya laptopu inalia: niongeze RAM?

Swali: Kaka habari, najisomea CCNA (cheti cha mitandao cha Cisco), nina laptopu ya i5 RAM 8GB. Nimeweka GNS3 (programu ya kuigiza mitandao) na imeji ya c7200, yaani faili la mfumo wa ruta ya Cisco, niliyopewa na mshkaji, nikiwasha ruta nne CPU inagonga asilimia 100, feni inalia, hata kuandika komandi siwezi. Ninunue RAM?

Jibu: Nzuri mdogo wangu. Hela ya RAM iache kwanza. Hiyo c7200 inaendeshwa na Dynamips, ambayo inaigiza prosesa ya ruta yenyewe, ya MIPS, ndani ya Intel yako, sasa IOS (mfumo endeshi wa ruta za Cisco) ikikosa kazi huwa hailali, inazunguka palepale ikisubiri, na Dynamips haijui kwamba kule ni kusubiri tu, inatekeleza kila mzunguko kwa nguvu zote, na wewe unazo nne. Idle-PC ndo inayoionyesha ni wapi IOS inazunguka bure ili ipumzike hapo. Zima zote, washa moja, ikikuuliza mambo ya setapu jibu no, iache dakika mbili tatu itulie, kisha bonyeza kulia uchague Auto Idle-PC. Ikigoma ingia Idle-PC ya kawaida ujaribu zile zenye nyota, moja moja, huku unaangalia CPU. Ikishuka, zilizobaki za imeji hiyohiyo zinafuata.

Ila hiyo imeji ya mshkaji inaniuma kidogo. IOS ni mali ya Cisco, ina leseni, na mafaili ya kupeana hivi huwezi jua nani kayagusa. Kwa CCNA anza na Packet Tracer, programu ya Cisco ya kujifunzia mitandao, ni bure ukijisajili, swichi na VLAN (kugawa mtandao mmoja vipande) zote zimo, wakati Dynamips swichi za Catalyst haiziwezi kabisa. Ukitaka imeji halisi na halali ndani ya GNS3 weka MikroTik CHR, ruta pepe ya kampuni ya MikroTik, RAM 256MB inatosha, leseni ya bure inabana spidi 1Mbps kwa kila intafesi lakini OSPF na BGP (itifaki za ruta kuambizana njia) hazihitaji hata hiyo, komandi ndo tofauti na za Cisco. CML ya bure ya Cisco, maabara yao ya kuigiza mitandao, inakupa nodi 5 (vifaa vitano), nzuri sana, ila yenyewe tu inataka 8GB, yaani laptopu yako yote, hapo ndo RAM ya kununua inapoingia.

Na hiyo namba ya Idle-PC iandike pamoja na jina zima la imeji, maana ukibadili vesheni unaitafuta upya.