Jibu: Dereva wa NASCAR aliyebaki ligi za mikoani

Mkuu, umeuliza kama yupo dereva aliyeheshimika NASCAR, shirika la mbio za magari Marekani, bila kuhamia ligi yake kuu. Yupo: Richie Evans wa Rome, New York. Aliacha shamba la kwao akiwa na miaka 16, akaenda kufanya kazi gereji. Gari lake la rangi ya chungwa, namba 61, lilitikisa mbio za Modified (magari yaliyofanyiwa marekebisho makubwa) kaskazini mashariki mwa Marekani. Alikuwa akikimbia usiku kadhaa kwa wiki, viwanja vifupi, na hapo ndipo ukali wake ulipojengeka. Ubingwa wa taifa mara 9, nane mfululizo, 1978 hadi 1985! Inaniuma mpaka leo: alifariki mazoezini kwenye uwanja wa mbio wa Martinsville, Oktoba 1985, ubingwa wa tisa akiwa ameshaunyakua. Mwaka 2012 aliingizwa kwenye Ukumbi wa Mashujaa wa NASCAR.